Dundo Ndani ya Gitaa la Delbert Nygaard

Asubuhi za Oktoba mji wa Arcata huamka ukiwa umejifunika gubigubi. Ukungu huinuka ghubani, ukavuka kinamasi na reli ya zamani, ukaingia mitaani polepole kama mgeni asiye na haraka, na mpaka saa nne hivi huwezi kuliona jengo la ng'ambo ya barabara. Leona Ambrosini alizipenda asubuhi hizo kuliko jua. Karakana yake ilikuwa orofa ya pili ya jengo lililokuwa kiwanda cha maziwa, na ukungu ulipotanda dirishani, dunia nzima ilibaki kuwa meza yake: taa moja, chuma cha kulehemu kikitoa moshi mwembamba wenye harufu ya utomvu wa msonobari, na gitaa limelala chali, tumbo wazi, likisubiri.

Mwaka huo, 1994, alikuwa na miaka hamsini na sita. Mwembamba, miwani miwili, mmoja puani na mwingine juu ya kichwa, sweta lenye vitundu vidogo vya kuungua mikononi. Maneno yake yalikuwa machache. Watu waliomjua walisema ukimpigia Leona simu inabidi uongee peke yako, halafu mwishoni umuulize kama bado yupo.

Kazi yake ilikuwa kuyapa magitaa ya umeme masikio mengine. Gitaa la umeme husikia kwa sumaku, na sumaku zinajua nyuzi za chuma tu, habari za mbao hazizihusu. Leona alitia chini ya kila uzi kipande cha kauri chembamba kama ukucha wa mtoto mchanga. Kipande hicho huitwa piezo. Ukikibana, kinatoa umeme, kidogo mno. Kikitikiswa, umeme wake nao unatikisika vilevile, kwa hiyo kinasikia uzi, na ubao, na ncha ya kidole inapoteleza, na hata pumzi ya mpigaji akiinama. Tatizo ni kwamba sauti yake ni dhaifu, ina haya. Ukiifunga moja kwa moja kwenye waya mrefu inafia njiani, na kinachofika kwenye amplifaya ni kelele kavu kama bati linalokwaruzwa. Ndiyo maana palihitajika saketi ndogo ya kuikuza, iliyofichwa humo humo ndani ya gitaa: transista, rezista kadhaa, kapasita, betri ya volti tisa. Leona alizitengeneza kwa mkono, kila moja kwa gitaa lake.

"Saketi nzuri," alizoea kuwaambia wateja, na hiyo ilikuwa hotuba yake ndefu kuliko zote, "ni kama mtu anayekusikiliza bila kukukatiza."

Hakuanzia kwenye magitaa. Alizaliwa Ferndale, ng'ambo ya Mto Eel, kwa watu wa ng'ombe wa maziwa ambao wazee wao walitoka Uswisi ya upande wa Kiitaliano. Dada yake Irma alibaki na ng'ombe. Leona alipofika miaka kumi na tisa alikwenda Eureka kutafuta kazi, akaipata kwa mzee mmoja wa Kifini, Aukusti Lehto, aliyekuwa na duka gatini la kutengeneza vipima kina vya maboti. Aliajiriwa kupokea simu. Simu ililia mara mbili kwa siku. Muda uliobaki alikaa akiitazama mikono ya mzee, mpaka siku moja Lehto, bila kugeuka, akamsukumia kipande cha kauri kilichounganishwa na mita.

"Kigonge," akamwambia.

Akakigonga kwa ukucha. Mshale wa mita ukaruka.

"Umeona? Kukifanya kiongee si kazi. Kazi ni kukifanya kiongee jambo moja, mengine kiyanyamazie."

Miaka kumi na minne Leona alilehemu vipande vile, ambavyo kazi yake ilikuwa kuita kuelekea chini ya maji na kusikiliza kinachorudi. Mwaka 1971 akaingia kijana mmoja wa chuo, nywele mpaka kiunoni, amebeba gitaa bila mfuko, linachuruzika mvua. "Samahani jamani," akasema, "hicho kidude kinachosikia chini ya bahari, kinaweza kusikia gitaa?" Lehto alicheka mpaka akakohoa. Leona hakucheka. Alilichukua gitaa, akakaa nalo wiki tatu. Jaribio la kwanza lilitoa sauti ya mvua juu ya ndoo. La pili lilipiga yowe. La tatu, kijana alipolijaribu, alitazama dirishani kama mtu aliyeitwa jina lake kutoka mbali, halafu akapiga tena.

Lehto alipofariki na duka likafungwa, Leona alichukua chuma chake cha kulehemu na sanduku la kauri, akahamia Arcata. Mume alikuwa naye kwa miaka minne, Royce, ambaye alikwenda Alaska kuvua kaa akabaki huko na mwanamke mwingine. Ugomvi haukuwepo. Alituma kadi yenye picha ya dubu, basi. Magitaa ndiyo yaliyokuwa yakija: kutoka Oregon, kutoka San Francisco, na mara moja kutoka Japani, likiwa limefungwa kwenye karatasi nyingi kiasi kwamba alitumia mchana mzima kulivua nguo.

Siku hiyo ya Oktoba alisikia hatua kwenye ngazi. Zilipanda, zikasimama katikati, zikakaa hapo, zikapanda tena.

"Leona!" sauti ikaita kabla mwenyewe hajaonekana. "Ngazi hizi alizijenga nani, mtu aliyekuchukia?"

Alikuwa Delbert Nygaard. Huyu alikuwa ameendesha malori ya magogo miaka thelathini katika milima ile, bonge la mtu mwenye viganja kama sufuria, na siku hizi alikuwa amestaafu, akibakiwa na bendi yake iliyopiga kila Jumapili asubuhi kwenye ukumbi wa wakulima kule Freshwater, watu wakila chapati za maji.

"Zilijengwa kwa ajili ya watu wasiobeba tumbo," Leona akasema. "Kaa chini."

"Nimekuletea kazi, wewe unanitukana."

"Nimekutukana ndiyo, lakini nimekupa kiti."

Akakaa, akavuta pumzi kwa muda. Kisha akafungua sanduku. Ndani mlikuwa na gitaa la umeme lenye kifua chenye uwazi ndani, rangi ya chai iliyokolea, limechakaa mahali mkono wake ulipozoea kupumzika.

"Sikiliza. Kila Jumapili nabeba mawili. Hili kwa nyimbo za kuchangamka, na lile la mbao kwa waltzi, zile za kucheza wawili wawili taratibu. Mgongo umegoma. Nataka sauti ya lile iingie humu, nigeuze swichi tu."

"Faye anasemaje?"

"Faye anasema heri niache yote mawili nifuge kuku."

Leona alilichukua gitaa, akaligonga mgongoni kwa kifundo cha kidole, akatega sikio. "Njoo Jumatatu ijayo," akasema.

Siku zile alifanya kazi kama mtu anayetembea usingizini. Ukungu ulikuja na kuondoka. Honi ya ukungu, ya kuonya maboti kule mdomoni mwa ghuba, ilijilaza juu ya maji, ikatulia, ikajilaza tena. Alichonga vitako sita vya kuegeshea nyuzi, akalaza kipande cha kauri chini ya kila kimoja, akapitisha nyaya sita nyembamba kama unywele kwenye tundu moja, akazifunika zisinase mvumo wa umeme wa nyumba, akaziunga. Saketi aliipachika karibu na betri. Kitu kimoja tu hakukiweka. Katika kila saketi yake mlikuwa na kapasita moja ambayo kazi yake ilikuwa kuzuia sauti nzito zisizo muziki, vishindo vya miguu, mikwaruzo ya mkono wa shati. Leona alikuwa na desturi ya kuiacha hiyo mpaka mwisho, na mahali pake kuweka kipande kifupi cha waya, ili siku ya kwanza gitaa lisikike lote kama lilivyo, halijafundishwa adabu.

Jumatatu Delbert alikuja, akakaa kitini, akapakata gitaa. Leona akavaa hedifoni kubwa nyeusi za enzi za Lehto.

"Piga."

Akapiga waltzi moja ya taratibu. Na Leona, aliyekuwa amesikia mamia ya magitaa, alifumba macho, maana mbao ile ilikuwa na sauti ya asali. Lakini chini yake, mbali, kulikuwa na kitu. *Du. Du-du.* Kimya. *Du.*

"Simama." Akavua hedifoni. "Kuna dundo."

"Dundo gani? Mimi sisikii."

"Wewe umekaa nje. Nenda kanywe kahawa."

Aliyafikiria yale ambayo fundi yeyote angeyafikiria: kiungo hakikushika vizuri, risasi ya kulehemia imepoa kabla ya kukaa. Akaligeuza gitaa, akalehemu upya viungo vyote sita. Akasikiliza likiwa mezani: kimya safi. Delbert aliporudi na kulipakata, dundo likarudi naye.

"Vua mkanda. Hiyo bizimu inagonga mbao."

"Bibie, mkanda huu ndio unaoshikilia heshima yangu."

"Shika suruali kwa mkono."

Akavua. Dundo lilikuwepo. Akamvua koti lenye vifungo vya chuma. Lilikuwepo. Akabadilisha waya, akabadilisha betri, akaondoa saa ya ukutani akaitoa nje kabisa. Delbert alikuwa sasa amebaki na fulana, suruali ameishika, anacheka mpaka machozi.

"Mtu akipanda ngazi hizo sasa hivi, Leona, Freshwater hatutapakanyaga tena."

"Nyamaza. Usiguse nyuzi. Kaa tu."

Akakaa tu. Ukungu ulikuwa umebana dirisha. Leona alibana hedifoni kwa viganja vyote viwili. Nyuzi zilikuwa kimya, na ndani ya ukimya ule, kama mtu anayetembea kwenye chumba cha juu cha nyumba kubwa, lilikuja: *du-du*, *du-du*, likaharakisha, likajikwaa, likasimama. Likasimama. Leona akajikuta ameshika ukingo wa meza. Kisha: *du*.

"Nipe hilo," akasema.

Akalipakata yeye, mgongo wa gitaa ukiegemea kifua chake juu ya sweta. Mwanzoni hakusikia kitu isipokuwa mvumo wa sufu ya sweta. Halafu, polepole, kama jengo la ng'ambo linapojitokeza kwenye ukungu, likaja la kwake. Lilikuwa linakwenda. Halikuwa na haraka wala mashaka, lilikuwa linakwenda tu, na alipata hisia ya ajabu kwamba lilikuwa likienda hivyo siku zote alizokaa peke yake katika chumba hiki, katika nyumba ile ya Royce, katika duka la gatini, na hakuwahi hata siku moja kuliuliza hali. Alikaa hivyo kitambo.

"Umelala?" Delbert akauliza.

"Hapana."

"Umelipata?"

Alimtazama. Delbert alikuwa akivaa mkanda wake, mwekundu usoni kwa kicheko, na alikuwa na furaha kama mtoto. Na Leona, ambaye kusema lilikuwa jambo gumu hata kwa habari za hali ya hewa, alivuta chuma cha kulehemu karibu.

"Nimelipata," akasema.

Akawasha chuma. Akakitoa kile kipande cha waya, akaweka kapasita mahali pake, kitu kidogo kuliko punje ya maharage, chenye rangi ya kahawia. Viungo viwili. Moshi mwembamba ukapanda. Aliposikiliza tena, dundo halikuwepo. Kulikuwa na waltzi peke yake, tamu, safi, na Delbert akapiga mpaka ya pili na ya tatu, akamshika Leona bega kwa kiganja kile cha sufuria, akateremka ngazi akiimba.

Hapo ndipo mambo yalipomwia vibaya. Siku ile jioni alilisikia lile dundo kwenye mfereji wa paa, matone yakianguka mawili mawili, halafu moja, halafu hakuna. Jumanne alilisikia kwenye hatua za mpangaji wa chini. Alijiambia: mimi si daktari. Alijiambia: pengine ni mbao ile, pengine huyu bwana ana vidonge vyake, pengine Faye anajua. Jumatano alilehemu kiungo kimoja mara nne na bado kikawa kibaya. Alhamisi alishika simu, akapiga tarakimu tatu, akaiweka. Alitembea kando ya kinamasi wakati bata wanashuka mmoja mmoja kutoka ndani ya weupe, bila kujulikana walikokuwa, na akaona kwamba amefanya kitu ambacho Lehto alimfundisha vizuri sana. Alikuwa amekinyamazisha.

Jumapili akawasha gari lake, akaenda Freshwater.

Ukumbi ulikuwa umejaa mvuke na harufu ya siagi. Kwenye jiko alisimama Faye Nygaard, mfupi, mpana, zamani dereva wa basi la shule, akigeuza chapati za maji kwa mwiko bapa wa bati kama mtu anayegawa karata.

"Leona Ambrosini!" akapaza sauti. "Kafa nani mpaka wewe utoke nyumbani?"

"Bado hakuna," Leona akasema, na mwenyewe akashtuka kwa jibu lake.

"Haya, shika sahani. Umekonda. Mume wangu hajalala wiki hii kwa sababu yako, gitaa tu, gitaa tu."

Bendi ilikuwa ya fidla, kodiani, besi kubwa ya kusimama, na Delbert amekaa kitini. Leona alikula bila kuonja. Wazee wawili walicheza waltzi katikati ya meza, macho wamefumba, soksi na ndara. Na gitaa lile! Lilisikika kama mtu anayezungumza chumba cha pili na wewe umelala nusu. Watu waligeuza shingo. Walipopumzika, Delbert alitoka mlango wa nyuma kupunga hewa, na Leona akamfuata. Kulikuwa na kuni zimepangwa ukutani, na misonobari mikubwa myekundu ikidondosha umande.

"Umesikia?" Delbert akasema. "Jamaa wa fidla karibu alie. Nini? Gitaa lina kasoro?"

"Gitaa ni zima."

"Basi usiniangalie hivyo, unanitisha."

"Delbert. Lile dundo."

"Uliliondoa."

"Sikuliondoa. Nililiziba." Alitazama kuni. "Lilikuwa moyo wako. Gitaa limeegemea kifuani, kauri inasikia. Nimesikia na wangu pia. Wako unakwenda, unakimbia, halafu unasimama. Unasimama sana."

Delbert alicheka, kicheko kizima, kisha nusu. "Sasa umekuwa daktari. Cheti chako kiko wapi, kwenye boksi la betri?"

"Ngazi zangu zina vidato kumi na nane. Ulipumzika katikati."

"Nilikuwa nahesabu."

"Siyo kweli."

Tone likaanguka kutoka kwenye mti, likampata Delbert shingoni. Hakulifuta. "Umemwambia Faye?"

"Hapana."

"Usimwambie."

"Sitamwambia mimi," Leona akasema. "Utamwambia wewe."

Akamtazama kwa hasira ya kweli, hasira ya mtu aliyeingiliwa nyumbani bila hodi, akarudi ndani. Awamu ya pili alipiga akiangalia sakafu. Katikati ya waltzi ya mwisho mkono wake ulichelewa, na mpiga fidla akageuka kumtazama, na Delbert akatabasamu kama kwamba alikusudia. Leona aliondoka bila kumaliza chapati.

Jumanne, ukungu ukiwa bado mlangoni, alisikia hatua za watu wawili. Moja zilikuwa nyepesi na za harakaharaka. Nyingine zilisimama katikati. Zile nyepesi nazo zikasimama, zikasubiri.

Faye aliingia na mkoba mkononi kama mtu anayekuja kulalamika ofisini.

"Mume wangu anasema una redio inayotangaza moyo wake. Nataka kuisikia."

Delbert, nyuma yake, alibeba sanduku la gitaa.

Leona alifungua kifuniko cha nyuma. Akaitoa ile kapasita, akarudisha kipande cha waya. Delbert akapakata gitaa, akavaa hedifoni mwenyewe. Alikunja uso kama mtu anayesikiliza simu ya mbali. Muda ukapita. Kisha uso ule mkubwa ukatulia, pole pole, kama maji yanapoacha kuchezwa.

"Nipe na la kwako," akamwambia Leona.

Leona akalipakata gitaa, Delbert akasikiliza.

"La kwako," akasema mwishowe, "linatembea kama farasi wa gari la maziwa. Langu limetoka kilabuni."

Faye hakucheka. Alivaa hedifoni, akamwashiria Delbert alichukue gitaa tena, akafumba macho. Alisikiliza kwa muda mrefu sana. Honi ya ukungu ililia mara tatu. Mara moja alinyanyua kidole, kana kwamba anamwambia mtu asubiri, na kidole kile kikabaki hewani, kikabaki, mpaka midomo yake ikaanza kufifia rangi, halafu kikashuka.

"Miaka thelathini na tisa nalala ubavuni kwa huyu mtu," akasema, "na nilichosikia ni kukoroma." Akavua hedifoni, akaziweka mezani taratibu kama mayai. "Funguo za gari."

"Faye, tunaweza kula kwanza, halafu kesho..."

"Funguo, Delbert."

Hospitali ya Eureka hawakumruhusu kurudi nyumbani siku ile. Walimbandika nyaya kifuani, na alipolala moyo wake ulisimama kwa karibu sekunde nne, ukaanza tena, ukasimama. Alhamisi walimpasua kidogo chini ya mtulinga wa kushoto wakamwekea kifaa cha betri, kidogo kama kiberiti, cha kuukumbusha moyo pale unaposahau.

Leona hakwenda kumwona. Alikaa karakanani, gitaa la Delbert limelala kwenye sanduku lake, na alikuwa na aibu. Faye alipopanda ngazi wiki iliyofuata, amebeba pai iliyofunikwa kitambaa, Leona hakumngoja hata aketi.

"Nilijua tangu Jumatatu ile," akasema. "Nilikaa nalo siku sita."

Faye akasimama na pai mikononi. "Siku sita."

"Nililiziba nikamwacha aende zake. Akaendesha gari. Akapanda ngazi zote alizopanda. Sikuwa na... Sijui kusema mambo, Faye. Ningekuwa nimechelewa kidogo tu..."

Chini barabarani lori lilipita na kuyatikisa madirisha.

"Ningekupiga na hii usoni," Faye akasema, "lakini ni ya tufaha, na nimeamka saa kumi na moja kuioka." Akaiweka mezani, katikati ya rezista. Akakaa. Akatoa leso, akajifuta pua kwa nguvu. "Mimi nimekuwa nikimwona anapumzika njiani kwenda kuchukua barua. Tangu Juni. Nikasema uzee. Siku sita zako, miezi yangu minne. Una uma humu ndani au tule kwa bisibisi?"

Wakala. Leona baadaye alisema hakumbuki kama walizungumza tena, lakini anakumbuka kwamba Faye hakuondoka mpaka ukungu ulipofumuka na jengo la ng'ambo likawa na madirisha.

Sumaku ndizo zilizoleta neno jipya. Daktari alikuwa amesema chochote chenye sumaku kikae mbali na kile kifaa. Sumaku za gitaa ni ndogo, na Leona alizipima kwa mita yake akaona hazifiki kokote, akamweleza Faye hivyo, na mchoro akamchorea.

"Nimekuelewa vizuri," Faye akasema. "Zitoe."

Basi akazitoa, zote mbili. Gitaa likabaki na matundu mawili kifuani kama nyumba iliyong'olewa milango. Leona alitafuta ubao wa mti wa mersini unaoota kando ya mito ya Oregon, wenye mawimbi ya kijani na kahawia, akakata vibao viwili, akaziba navyo matundu, akavisugua kwa mafuta siku nyingi mpaka vikawa vinang'aa kama maji ya mto chini ya daraja. Swichi haikuwa na kazi tena, akaing'oa pia. Saketi aliifanya upya kabisa, maana sasa kauri ingesimama peke yake, haina mwenzake wa kuisaidia kwenye nyimbo za kuchangamka; ilibidi ipewe nguvu zaidi chini, na ukali kidogo upunguzwe juu. Alijaribu rezista tisa mahali pamoja kabla hajaridhika.

Delbert alikuja Desemba, mvua inanyesha kweli kweli, ya kutwa nzima. Ngazi alizipanda moja kwa moja. Alipofika juu alisimama mlangoni kwa makusudi, kifua mbele, bila kuhema.

"Umeona?"

"Nimesikia," Leona akasema.

Amepungua, shingo imekuwa ndogo kwa shati. Mkono wa kushoto bado aliunyanyua kwa uangalifu. Faye aliketi juu ya boksi, mkoba mapajani. Delbert alipitisha kidole juu ya vibao vya mersini, kwenda na kurudi.

"Na lile jingine?" akauliza mwishowe. "Dundo. Umeliziba?"

"Kapasita iko mahali pake."

"Hutaki kusikia linavyokwenda siku hizi?"

Leona alifikiri. Alikuwa na kipande cha waya mfukoni mwa sweta. "Wenyewe wa hospitali wanasikiliza," akasema. "Mimi nataka kusikia waltzi."

Akapiga. Mwanzo vidole vilikuwa vigumu, vikakosa mahali mara mbili, akatukana kidogo, akaanza upya. Kisha ikaja. Haikuwa sauti ile ya kwanza ya asali. Ilikuwa kavu zaidi, wazi zaidi, kila kidole kikisikika kinakofika na kinakoondoka, na mvua ya paani ikaingia humo humo, isijulikane ni ya nje au kauri inaisikia. Faye alikuwa akitikisa mguu. Leona aliegemea ukuta, hedifoni shingoni, hakuzivaa.

Delbert akasimamisha nyuzi kwa kiganja.

"Uzi wa tatu," akasema, "unapiga kelele kuliko wenzake. Kama Faye jikoni."

"Nimesikia," Faye akasema.

"Ni kweli unapiga kelele," Leona akasema, akavuta taa karibu. "Lete."